MBARAKA, MBARUKU, MABRUKI: JINA MOJA LA BWANA NA LA MTUMWA

Mtoto wa kiume anapozaliwa katika nyumba ya Kiislamu kijijini Moa, pwani ya kaskazini ya Mkoa wa Tanga, huadhiniwa katika sikio la kulia na kukimiwa katika sikio la kushoto. Siku ya saba hunyolewa nywele, mwenye uwezo akachinja akika, na jina likatangazwa mbele ya jamaa na majirani. Tangu hapo jina hilo halimwachi tena. Ataitwa nalo chuoni na shuleni, ataitwa nalo chomboni na barazani, na siku atakapofikishwa kaburini bado litatajwa. Ndiyo maana wazee wa pwani hawakulichukua jina kuwa ni jambo la mzaha. Walisema jina jema hung'aa gizani.

Miongoni mwa majina ya asili ya Kiarabu yaliyozoeleka katika pwani yetu, lipo moja ambalo mafunzo yake ni mengi kuliko linavyodhaniwa. Jina hilo ni Mbaraka. Halikai katika sura moja. Wako wanaoitwa Mbaraka, wako wanaoitwa Mbaruku, wako wanaoandikwa Mubarak, na wako ambao babu zao waliitwa Mabruki. Maana ya majina hayo yote ni moja: aliyebarikiwa. Lakini historia haikuyapa heshima moja, na mpaka leo huenda kijana akaona haya kumtaja babu yake kwa sababu ya herufi mbili tatu tu. Inafaa basi tulichimbue jina hili tuone asili yake, na tuone kama haya hiyo ina msingi.

ASILI YA NENO

Neno hili limetoka katika mzizi wa Kiarabu wenye herufi tatu: ba, ra na kafu. Waarabu wa jangwani walilitumia neno la mzizi huo kwa ngamia anapopiga magoti na kukituliza kifua chake ardhini. Ngamia akishatua hivyo, msafara nao umetua. Kutokana na mzizi huo huo limepatikana neno birka, yaani dimbwi au hodhi ambamo maji hutuama. Wanazuoni wa lugha walipoyatazama maneno haya pamoja, waliona kiini chake ni jambo moja, nalo ni kutulia na kudumu.

Kwa hiyo baraka si wingi wa mali. Baraka ni heri iliyotua mahali ikakaa. Mvuvi mmoja hurudi na samaki tele, fedha yake ikaisha kabla ya magharibi. Mwenzake hurudi na kitoweo kidogo, nacho kikatosha nyumba yake na jirani akapata. Watu wa pwani husema ni huyu wa pili aliyepata chenye baraka. Na methali tunayoikariri kila siku, kwamba haraka haraka haina baraka, inakubaliana kabisa na asili hiyo: kinachopita mbio hakitui, na kisichotua hakidumu.

Katika Kurani neno mubarak limetumika kwa Kitabu chenyewe, kwa Nyumba tukufu ya Makka, kwa maji ya mvua na kwa mti wa mzaituni. Katika Sura ya Maryamu, Nabii Isa naye, angali mtoto mchanga, anaeleza kwamba Mungu amemjaalia kuwa mwenye baraka popote atakapokuwa. Msomaji akivitazama vyote hivyo ataona sifa inayoviunganisha, nayo ni kuwafaa wengine. Mvua haijinyeshei yenyewe, wala mzaituni haujitolei mafuta yake.

Mzizi huu si mali ya Waislamu peke yao. Kiebrania, ambacho ni ndugu wa Kiarabu, kina jina Baruku lenye maana hiyo hiyo, na wasomaji wa Biblia wanamfahamu Baruku aliyekuwa mwandishi wa nabii Yeremia. Jina hili limevuka hata bahari kubwa. Barack Obama, aliyekuwa Rais wa Marekani tangu mwaka 2009 hadi 2017, alilirithi kwa baba yake, Mjaluo wa Kenya, ambaye naye alikuwa mtoto wa baba aliyesilimu.

LILIVYOKUWA LA KISWAHILI

Kiarabu hutamka Mubarak. Waswahili walipolipokea neno hilo walilifanyia waliyoyafanya kwa maneno mengi ya aina hiyo: wakaifupisha silabi ya mwanzo na kuitia irabu mwishoni. Likawa Mbaraka, na kwa ndimi nyingine Mbaruku.

Hapo likatokea jambo la kupendeza. Silabi ile ya mwanzo katika Kiarabu ni alama ya sarufi tu. Lakini sikio la Mswahili lilisikia m- ya mtu, ile iliyomo katika mvuvi, mkulima na mgeni. Ndivyo mualimu wa Kiarabu alivyokuwa mwalimu wetu, na wenzake wakawa walimu. Mbaraka naye, kwa anayelisikia jina hilo leo bila ya kujua Kiarabu, anasikika kama mtu wa baraka. Sarufi mbili zisizo na udugu zilikutana katika jina moja, na maana isipotee.

Mabruki ni sura nyingine ya mzizi huo. Wapo wanasarufi wakali wanaoshikilia kuwa kwa Kiarabu fasaha mubarak ndilo neno sahihi la aliyebarikiwa, na kwamba mabruk, kwa kanuni, lingerudi kwa yule ngamia aliyepiga magoti. Hata hivyo watu wa nchi za Kiarabu wanapopongezana kwa harusi, kwa mtoto au kwa nyumba mpya, husema mabruk, na hakuna anayemfikiria ngamia.

MBARUKU ALIYEVUKA MPAKA

Historia ya Moa na jirani zake inamkumbuka mtu mmoja mashuhuri wa jina hili. Huyo ni Mbaruku bin Rashid wa ukoo wa Mazrui, ambaye katika maandishi ya Kiarabu ni Mubarak. Wamazrui walikuja kutoka Omani na walitawala Mombasa mpaka mwaka 1837, ulipovunjwa utawala wao na Seyyid Said wa Unguja. Baadhi yao walihamia Takaungu, na wengine Gasi, kusini ya Mombasa. Mbaruku alikuwa mkuu wa Gasi, na kwa miaka mingi aliinuka mara kwa mara dhidi ya masultani wa Unguja.

Mwaka 1895 ulizuka ugomvi wa urithi wa Takaungu, na Waingereza wakamweka mtu waliyemtaka wao. Vita vikawaka pwani nzima ya Kenya, na Mbaruku akawa miongoni mwa viongozi wake. Mwezi wa Aprili 1896, nguvu zilipomwishia, alivuka mpaka pamoja na wafuasi wake na kuingia upande wa Wajerumani, yaani upande huu wa Moa, wakati gavana alipokuwa Hermann von Wissmann. Wajerumani walimpa hifadhi, akaenda kukaa Dar es Salaam.

Huyu alikuwa mtu wa nasaba na wa amri. Jina lake alipewa na baba yake kwa dua na furaha. Lakini tusisahau kwamba mashamba ya wakuu wa pwani wa zama hizo yalilimwa na watumwa, na kwamba miongoni mwa watumwa hao majina Mabruki na Baraka yalikuwa ya kawaida.

MUBARAK ALIYEUZWA

Tukirudi nyuma miaka michache, tunamkuta Mubarak wa pili. Alikuwa Myao. Alitekwa angali kijana mdogo, akateremshwa Kilwa, akauzwa Unguja na kupelekwa Bara Hindi, ambako alikaa miaka mingi. Bwana wake alipokufa, alipata uhuru wake akarejea Unguja na kuandikwa askari wa Sultani. Dunia inamjua kwa jina la Sidi Mubarak Bombay: Sidi, kama Wahindi walivyowaita watu wenye asili ya Afrika, Bombay, kwa mji wa ng'ambo, na Mubarak katikati yake. Jina aliloitwa na mama yake Uyaoni limefunikwa na hayo matatu.

Mwaka 1857 Waingereza Richard Burton na John Hanning Speke walimkuta katika kituo cha askari cha Chogwe, karibu na Mto Pangani, katika mkoa huu huu wa Tanga. Wakamchukua pamoja na mwenzake aliyeitwa Mabruki. Bombay alifika na Burton na Speke Ziwa Tanganyika. Alikwenda tena na Speke na James Grant kuutafuta mwanzo wa Mto Nili, akafuatana na Henry Stanley mwaka 1871 kumtafuta Livingstone, na kati ya mwaka 1873 na 1875 akalivuka bara zima pamoja na Verney Lovett Cameron, kutoka pwani yetu hadi pwani ya Angola. Alifariki mwaka 1885. Vitabu vingi vimewasifu wazungu hao kwa kuijua Afrika ya kati. Aliyezungumza na wenyeji na kuwaongoza wapagazi, safari baada ya safari, ni huyu Mubarak aliyepata kuuzwa.

Basi nani kati ya wawili hao aliyebarikiwa zaidi? Ikiwa baraka ni kuwafaa wengine, mtumwa wa zamani hakuwa nyuma ya mkuu wa Gasi hata kidogo.

KWA NINI MTUMWA AKAPEWA JINA ZURI

Huenda msomaji akashangaa. Ikiwa watumwa walidharauliwa, kwa nini waliitwa Mabruki, Farahani, Faraji, Feruzi na Almasi, majina ya baraka, furaha na vito?

Jibu ni la kale. Husimuliwa kwamba bedui mmoja aliulizwa kwa nini Waarabu wa zamani waliwapa watoto wao majina makali ya wanyama wa mwituni, na watumwa wao majina mazuri. Akajibu kuwa majina ya watoto ni kwa ajili ya adui zao, na majina ya watumwa ni kwa ajili ya wao wenyewe. Maana yake ni kwamba mtumwa ndiye aliyeitwa nyumbani mchana kutwa, na bwana alitaka kila anapoita, atamke neno la heri. Jina lile zuri halikuwa dua kwa mwenye kuitwa. Lilikuwa starehe ya mwenye kuita.

Hapo ndipo ilipo tofauti kati ya Mbaruku na Mabruki. Haikuwa katika mzizi wala katika maana. Ilikuwa katika mkono uliotoa jina na nia ya aliyelitoa. Baba alimwombea mwanawe, na bwana alijipambia nyumba yake.

Soko la watumwa la Unguja lilifungwa mwaka 1873. Hadhi ya utumwa iliondolewa kisheria Unguja na Pemba mwaka 1897, pwani ya Kenya mwaka 1907, na Tanganyika mwaka 1922. Sheria ikaondoka, lakini mnong'ono ukabaki nyuma. Posa ilipokuja, waliulizana ukoo; na jina la babu likitajwa, mzee mmoja alikohoa akatazama pembeni.

NENO KWA WAZAZI

Kikohozi hicho ndicho kinachowafanya wengine kulifuta jina la Mabruki katika karatasi za familia na kuandika Mubarak. Wanadhani wamemtukuza babu. Kwa hakika wamemfukuza nyumbani kwake mara ya pili. Mara ya kwanza alinyang'anywa jina la wazazi wake. Sasa ananyang'anywa na lile alilolibeba maisha yake yote, akalima kwalo, akaoa kwalo, na kuwalea kwalo hao wanaomwonea haya. Mwenye kustahili aibu ni aliyenunua mtu, si aliyenunuliwa.

Aidha, iko hasara ya dunia. Jina likiandikwa Mbaraka katika cheti cha kuzaliwa, Mubarak katika cheti cha shule na Mbaruku katika kitambulisho cha taifa, siku ya kudai mirathi au kuomba pasipoti mwenyewe atahangaika kuthibitisha kuwa hao watatu ni mtu mmoja. Wazazi wachague sura moja na waishike.

Wapo pia wanaouliza kama inafaa kumwita mtoto Baraka. Katika Sahihi ya Muslim imepokewa kwa Jabir kwamba Mtume alikusudia kuyakataza majina kadhaa, na Baraka likiwemo, kisha akanyamaza na hakuyakataza mpaka alipofariki. Wanazuoni wameeleza sababu yake: mtu akiuliza kama Baraka yumo ndani, akajibiwa hayumo, jibu hilo halipendezi masikioni. Lakini mwanamke aliyemlea Mtume mwenyewe, Ummu Ayman, jina lake lilikuwa Baraka, naye alikuwa mjakazi wa Kihabeshi aliyeachwa huru. Utukufu wake haukupunguzwa na utumwa aliopitia.

Jina hili limebebwa na watu wa kila namna. Alilibeba Sheikh Mbarak Ali Hinawy, Liwali wa Pwani ya Kenya, ambaye kitabu chake juu ya Al-Akida na Ngome ya Yesu kilichapishwa mwaka 1950. Alilibeba Mbaraka Mwinshehe, mpiga gitaa wa Morogoro Jazz na baadaye Super Volcano, aliyefariki Mombasa Januari 1979 baada ya ajali ya gari, na sauti yake ingali inasikika redioni. Hakuna hata mmoja aliyebarikiwa kwa kuitwa tu. Jina ni dua, na dua husubiri kazi.

Basi mzazi wa Moa, au wa popote, anayemwita mwanawe Mbaraka, amweleze mapema mambo mawili. La kwanza, maana ya jina lake, kwamba ni heri inayotua ikawafaa wengine. La pili, kwamba wako waliolipewa jina hilo kwa mapenzi na wako waliolipewa kwa bei, na wote ni wasomo wake. Akikutana na mjukuu wa Mabruki, amsalimu kwa neno hilo: somo yangu.