Gemu Moja, Nyumba Mbili: Jinsi ya Kutumia Gemu za Kidijitali Pamoja Bila Kupoteza Akaunti

Shule zinapofungwa, mashine za gemu katika kaunti yetu huwa hazipumziki. Watoto wa Manyatta huenda kwa binamu zao Mamboleo, wanafunzi walio mjini hurudi Kombewa, Ahero na Katito, na kila mahali swali ni lile lile: una gemu gani, na nitaichezaje kwangu?

Zamani jibu lilikuwa jepesi. Ulimpa mwenzako CD, akacheza, akairudisha. Mwaka 2013 kampuni ya Sony ilitoa hata video fupi ya kuonyesha namna ya kuazimana gemu za PS4: mtu mmoja anamkabidhi mwenzake kasha la CD, na kazi imekwisha. Leo mambo yamebadilika. Xbox Series S, pamoja na PS5 ya toleo la kidijitali, huja bila sehemu ya kuingizia CD. Gemu hununuliwa kupitia intaneti na kukaa ndani ya akaunti ya mnunuzi. Kwa hiyo mtu akitaka kukuazima gemu, mara nyingi huishia kukupa nenosiri lake. Hapo ndipo hasara nyingi huanzia.

Makala haya yanaeleza njia ambazo kampuni zenyewe zinaruhusu, na mitego ambayo mzazi na kijana wanapaswa kuiepuka.

Unachonunua ni ruhusa

Ukinunua CD, unaweza kuiuza, kuiazima au kumwachia mdogo wako. Gemu ya kidijitali si hivyo. Unacholipia ni leseni, yaani ruhusa ya kucheza gemu hiyo kupitia akaunti yako. Akaunti ikifungwa, ruhusa inaondoka nayo. Kule California, Marekani, sheria iliyoanza kutumika Januari 2025 inawataka wauzaji wa bidhaa za kidijitali wamweleze mteja waziwazi kwamba anapewa leseni, wasimfanye aamini kwamba amenunua kitu kiwe chake daima.

Kwa hiyo ichukulie akaunti kama ufunguo wa nyumba. Ndani yake mna gemu zote ulizonunua, barua pepe yako, na pengine kadi ya benki. Ukimpa mtu nenosiri umempa ufunguo wenyewe. Ukitumia utaratibu wa kampuni, unamfungulia mlango huku ufunguo ukibaki mkononi mwako.

Utaratibu wa kila kampuni

PlayStation. Kila akaunti inaweza kuteua PS4 moja kuwa mashine yake ya msingi. Kwa PS5, mwenye akaunti huwasha kipengele cha kushiriki mashine na kucheza bila intaneti, nacho pia hufanya kazi kwenye PS5 moja tu. Mtu yeyote mwenye akaunti yake kwenye mashine hiyo anaweza kucheza gemu za mwenye akaunti, hata intaneti ikikatika. Mwenye gemu naye anaweza kuingia kwenye mashine nyingine na kucheza huko, mradi awe na intaneti.

Xbox. Utaratibu ni ule ule, ila mashine iliyoteuliwa huitwa Xbox ya nyumbani. Unaruhusiwa kuibadilisha mara 5 kwa mwaka, kwa hiyo usiiteue ovyo kwa kila rafiki anayekuomba.

Nintendo Switch. Tangu Aprili 2025, gemu za kidijitali hushughulikiwa kama kadi. Unaweza kumwazima mtu aliye katika kikundi chako cha familia, na kikundi kinaweza kuwa na akaunti hadi 8. Azimo hudumu siku 14, kisha gemu hurudi yenyewe. Gemu ikiwa imeazimwa, mwenyewe hawezi kuicheza, sawa na CD ya zamani.

Steam, kwa wanaocheza kwenye kompyuta. Kikundi cha familia huwa na watu wasiozidi 6, na kimekusudiwa watu wa nyumba moja. Kila mtu hutumia akaunti yake. Nakala moja ya gemu huchezwa na mtu mmoja kwa wakati mmoja. Anayetoka katika kikundi hawezi kujiunga na kingine hadi utimie mwaka 1 tangu alipojiunga na kile cha kwanza. Tena kuna jambo zito: mtu wa familia akidanganya mchezoni kwa kutumia gemu yako na kufungiwa, wewe mwenye gemu unaweza kufungiwa pia katika gemu hiyo. Chagua watu unaoweza kuwajibika kwa niaba yao.

Mashine ipi iwe ya msingi?

Hapa ndipo wengi hukosea. Tuchukue mfano wa kaka anayefanya kazi mjini Kisumu na kukaa Milimani, nyumba yenye intaneti ya waya. Wadogo zake wako na wazazi Seme, wakitegemea bando za simu. Kila nyumba ina PS4, na gemu zote zimenunuliwa kwa akaunti ya kaka.

Kaka wengi huteua mashine yao kuwa ya msingi kwa sababu gemu ni zao. Lakini mashine ya msingi ndiyo inayocheza bila intaneti na inayowaruhusu watu wengine kucheza. Afadhali iwe ile ya Seme. Aende siku moja, aingie kwa akaunti yake, aiteue mashine hiyo, kisha kila mdogo afunguliwe akaunti yake mwenyewe. Akirudi Milimani atacheza kama kawaida kwa kuwa kwake intaneti haimsumbui. Hakuna aliyejua nenosiri la mwenzake, na nyumba zote mbili zinacheza.

Tahadhari moja: kaka ahakikishe akaunti yake inaombwa nenosiri au namba ya siri kila inapofunguliwa kwenye mashine ya Seme, na kadi yake ya benki isibaki humo. Pia wote wafahamu kwamba pointi na sarafu zinazonunuliwa ndani ya gemu hubaki kwa aliyezinunua.

Kuokoa bando

Gemu kubwa za siku hizi hufika gigabaiti 50, 100 na zaidi. Kupakua kwa bando ya simu ni kuchoma pesa. Njia nafuu ni kuipakua penye intaneti ya waya, kuihifadhi kwenye diski ya nje inayochomekwa kwa USB, kisha kuibeba hadi kwenye mashine nyingine ya aina hiyo hiyo. Kumbuka tu kwamba diski hubeba gemu lakini haibebi leseni. Bila akaunti yenye ruhusa, gemu itaonekana kwenye skrini lakini haitafunguka. Usikubali kuuziwa diski "iliyojaa gemu" kabla ya kuuliza leseni za gemu hizo ni za akaunti ya nani.

Akaunti za bei ya kutupa

Kwenye mitandao ya kijamii kuna watu wanaouza akaunti zenye gemu mpya kwa sehemu ndogo tu ya bei ya dukani. Kijana hutuma pesa kwa M-Pesa, hupewa barua pepe na nenosiri, hupakua gemu na kufurahi. Baada ya wiki kadhaa gemu inafungwa kwa kufuli. Rahisi ni ghali.

Sababu ni hii. Muuzaji ndiye aliyefungua akaunti, kwa hiyo anaweza kuirudisha mikononi mwake wakati wowote kwa kuthibitisha barua pepe ya mwanzo. Anaweza pia kuiuza akaunti hiyo hiyo kwa watu wengi, na mashine ya msingi ni moja tu. Pengine akaunti yenyewe iliibwa, na mwenyewe akishalalamika kampuni huifunga. Masharti ya kampuni hizi yanakataza kuuza akaunti au kumhamishia mtu mwingine, hivyo mnunuzi hana pa kudai.

Ipo pia hatari ya kisheria. Chini ya Sheria ya Matumizi Mabaya ya Kompyuta na Uhalifu wa Mtandaoni ya mwaka 2018, kuingia katika mfumo wa kompyuta bila ruhusa ni kosa linaloweza kuleta faini isiyozidi shilingi milioni 5, kifungo kisichozidi miaka 3, au vyote viwili. Kijana anayeingia katika akaunti ya mwenzake "kwa mzaha tu" ajue kwamba mzaha huo una jina katika sheria.

Wanaoendesha vibanda vya gemu nao wazingatie kwamba leseni hizi hutolewa kwa matumizi ya binafsi. Akaunti ya familia haikukusudiwa kuendesha biashara ya mashine sita.

Mzazi, angalia kilichomo

Unaposhiriki gemu zako kwenye mashine ya nyumbani, unashiriki zote. Mtoto aliyeazimwa gemu ya mpira anaweza kukuta karibu nayo Grand Theft Auto V, ambayo kwa kipimo cha Ulaya ni ya watu wa miaka 18 na kuendelea. Mfungulie mtoto akaunti yake ya mtoto, chini ya yako, kwa tarehe yake ya kweli ya kuzaliwa. Kisha weka kikomo cha umri wa gemu, muda wa kucheza na matumizi ya pesa. Vikomo hivyo hufuata akaunti, kwa hiyo mtoto akicheza kwa akaunti yako havitamgusa.

Fanya haya leo

Washa uthibitisho wa hatua mbili, ili anayejaribu kuingia aombwe pia msimbo unaotumwa kwenye simu yako.

Ondoa kadi ya benki kwenye akaunti na utumie kadi za kulipia kabla. Hakikisha kadi unayonunua ni ya nchi iliyoandikwa kwenye akaunti yako. Kadi ya Marekani haikubaliki kwenye akaunti ya Uingereza.

Kabla ya kuuza mashine yako, iondoe kwanza kuwa ya msingi, ondoa akaunti, kisha ifute yote. Usipofanya hivyo kwa PS4, unaweza kuziondoa mashine zote kwa mbali kupitia tovuti ya Sony, lakini nafasi hiyo hutolewa mara 1 kila miezi 6. Ukinunua mashine iliyotumika, mwambie muuzaji aondoe akaunti yake mbele yako kabla hujalipa.

Ukitapeliwa, usifute chochote. Hifadhi mazungumzo, jina la akaunti na ujumbe wa M-Pesa. Tuma ujumbe huo wa M-Pesa kwa namba 456 mara moja kuomba pesa zirudishwe; ukichelewa mpokeaji atakuwa ameshazitoa. Kisha ripoti katika kituo cha polisi kilicho karibu nawe na uondoke na namba ya OB. Badilisha pia nenosiri la barua pepe yako, hasa ikiwa ndilo hilo hilo ulilotumia kwenye gemu.

Kuazimana ni desturi njema, na hakuna haja ya kuiacha kwa sababu CD zimepungua. Ndugu wa Milimani na wa Seme wanaweza kucheza gemu moja jioni moja, kila mmoja sebuleni kwao, bila yeyote kuvunja sharti. Azima gemu kwa utaratibu uliowekwa, na nenosiri libaki kuwa lako peke yako.