Mjusi kafiri anakula nini?

Wapo watoto wanaomfuga mjusi kafiri kwenye boksi na kumpa ugali au wali. Hicho si chakula chake. Yeye hula wadudu walio hai: nyenje, panzi wadogo, nondo. Mdudu asizidi upana wa kichwa chake, asije akamkaba. Mlishe jioni, maana huwinda usiku, na nyunyiza maji kidogo ndani ya boksi ayarambe.

Hatari kubwa ni sumu. Mdudu aliyetoka shamba lililopigwa dawa, au mende aliyepuliziwa dawa nyumbani, anaweza kumuua.

Tunawakumbusha pia watoto wanawe mikono kwa sabuni wakishamshika. Na tunashauri wasimfungie siku nyingi: ukutani, penye taa, hujitafutia mwenyewe.