KUKIRI SI USHAHIDI

Ndugu msomaji, hebu nikuulize swali. Mtu akisema kwa kinywa chake, "Mimi ndiye niliyeua," kuna haja gani ya ushahidi mwingine? Wengi wetu tutasema hakuna. Mtengenezaji filamu mmoja wa Uswidi, Hannes Råstam, alituonyesha kwamba haja ipo, tena kubwa.

Råstam alizaliwa mwaka wa 1955. Kwanza alikuwa mwanamuziki, mpiga gita la besi. Baadaye aliingia katika uandishi wa habari, akawa anatengeneza filamu za uchunguzi za runinga ya SVT.

Wakati huo, katika hospitali ya Säter, kulikuwa na mgonjwa wa akili aliyejulikana kama Thomas Quick. Alikiri mauaji zaidi ya 30, na kati ya 1994 na 2001 mahakama zikampata na hatia ya mauaji 8. Mwaka wa 2008 Råstam alimtembelea. Pia alisoma majalada ya kesi na kutazama kanda za video za polisi, Quick akipelekwa msituni kuonyesha alikoua. Jamani, aliona nini? Mtu aliyeleweshwa na dawa, anayebahatisha tu! Damu yake au alama za vidole hazikupatikana popote.

Råstam alipomweleza hayo, Quick alikana yote. Alisema kila alipokiri, alipata dawa na kusikilizwa na waganga.

Filamu ilionyeshwa Desemba 2008, kesi zikafunguliwa upya. Kipande kilichodaiwa kuwa mfupa wa msichana aliyetoweka Norway kilipimwa, kumbe ni mbao na gundi! Kufikia 2013 hukumu zote 8 zilikuwa zimefutwa. Råstam hakuiona siku hiyo. Saratani ilimuua Januari 2012, na kitabu chake kuhusu kesi hiyo kikatoka mwaka huohuo.

Linaloniuma ni hili: majalada yalipofungwa, hakuna aliyewatafuta wauaji wa kweli. Hata darasani, pesa zikipotea, mwenye kuchoka kuulizwa husema "ni mimi" ili yaishe. Sisi tunafurahi, naye mwizi ameketi papo hapo akicheka.

Wahenga walisema, asiyeuliza hanalo ajifunzalo. Basi tuulize, hata baada ya mtu kukubali.