Juma Aliyezaliwa Jumatatu

Orodha za majina ya watoto zinazosambaa Marekani na Ulaya humweleza mzazi kwamba Nala ni "zawadi" kwa Kiswahili. Mtu wa Pwani hucheka, maana binti aliyengojwa kwa hamu huitwa Zawadi, au Tunu. Nala yumo katika filamu ya The Lion King ya mwaka 1994, pamoja na Simba na Rafiki ambao majina yao ni Kiswahili kweli. Nadhani hapo ndipo naye alipopewa uraia.

Asha ana kisa kingine. India, asha ni matumaini. Asha wetu ni Aisha, mke wa Mtume, na jina lake ni la Kiarabu, lenye kutaja uhai. Orodha inayosema Asha ni Kiswahili cha "matumaini" imewaunganisha mabibi wawili wasiojuana. Afadhali Imani na Nia, waliopata umaarufu kwa Wamarekani Weusi baada ya Maulana Karenga kuanzisha Kwanzaa mwaka 1966: maneno yapo na maana imenyooka.

Kasheshe iko pale ambapo kamusi imesema kweli na bado hujaambiwa kitu. Sikudhani, kwa mfano. Kitenzi kinajulikana, lakini nani hakudhani, na hakudhani nini? Pengine mama alikwisha kata tamaa ya kuzaa. Pengine mume aliondoka mimba ikiwa changa. Mashaka, Tabu na Shida nao hawakupewa majina hayo kwa sababu ni watoto wabaya. Wanabeba kumbukumbu ya njaa, msiba au uchungu wa siku tatu. Mara nyingine jina ni kijembe kwa wifi au mke mwenza, na mlengwa hulielewa siku ileile linapotangazwa. Orodha itaandika "Tabu: matatizo" na mzazi wa ugenini atakimbia. Anayejua ni bibi, au yule somo aliyekuwapo chumbani, na mahali pazuri pa kumuuliza ni kwenye akika, siku ya saba, nywele za mtoto zikinyolewa na wazee wote wakiwapo.

Hata majina yaliyo wazi yanahitaji kuulizwa. Juma ni wa Ijumaa, Khamisi wa Alhamisi, Mwanaidi wa sikukuu, Rajabu na Shaabani wa miezi yao. Ila mjukuu hurithi jina la babu, kwa hiyo mjini wamejaa kina Juma waliozaliwa Jumatatu, na Tatu ambaye ni kifungua mimba. Kwa Wakikuyu jambo hili ni kanuni kabisa: mtoto wa kwanza wa kiume huchukua jina la baba wa baba yake. Watunga orodha wanapenda kufasiri Kamau kuwa "shujaa mkimya", lakini familia ya Nyeri inapomwita mtoto Kamau, anayeitwa ni babu.

Halafu kuna pacha. Kulwa na Doto wamezagaa Tanzania nzima, na orodha huwaandika Waswahili bila kusita. Kwao ni Usukuma na Unyamwezi, ambako mtoto anayewafuata pacha naye ana jina lake, Shija. Kulwa na Doto walishuka hadi Pwani wakawa wenyeji. Shija akijitambulisha Dar es Salaam, bado huulizwa kama ni Msukuma.