Mto, Mnyama na Muuaji: Swali la Mtenda katika Visa vya Kweli vya Nyikani

Madhumuni ya makala haya ni kueleza aina moja ya maandishi ambayo idara zetu za lugha zimeyapita bila kuyatazama. Nayo ni yale masimulizi ya nathari yanayoeleza, kama mambo yaliyotukia kweli, kifo cha mtu nyikani, aghalabu kando ya mto, na jitihada za walio hai kutaka kujua nani aliyemwua, au ni kitu gani. Maandishi haya si riwaya, ingawa husomwa kama riwaya. Si habari za safari tu, ingawa yamejaa mahema, bunduki na nyayo za wanyama. Wala si taarifa za mahakama, ijapokuwa baadhi yake huishia mahakamani. Kwa kuwa mengi yameandikwa kwa Kiingereza, sisi walimu wa Kiswahili tumeyahesabu kuwa ni mali ya jirani. Hoja yangu ni kwamba yanatuhusu sana, kwa sababu kiini chake ni swali la kisarufi: nani mtenda? Na kwa swali hilo Kiswahili kina zana kali kuliko lugha iliyotumika kuyaandika.

Mwenye kutaka vitabu hivi mjini Nairobi si lazima aende maktaba ya chuo. Kenyatta Market, soko lililo jirani na Hospitali Kuu ya Kenyatta, linajulikana zaidi kwa nyama choma na kwa wasusi wa nywele. Lakini mteja anayengoja nyama yake iive aweza pia kupitisha muda mbele ya vitabu vya mtumba, na huko ndiko nilikopata nakala kadhaa za vitabu nitakavyovitaja. Mpangilio wa muuzaji nao ni somo la uhakiki. Siku moja nilikikuta kitabu cha John Ward kiitwacho The Animals Are Innocent (1991) kimepangwa pamoja na vitabu vya picha za tembo na twiga. Bila shaka muuzaji alikuwa amesoma jalada tu. Hata hivyo hakuwa mbali na ukweli, kwani katika kisa hicho wanyama ndio washtakiwa wa kwanza.

Tuanze na kitabu kilichozaa vingine. The Man-Eaters of Tsavo cha J. H. Patterson kilitoka mwaka 1907. Mwandishi alifika Tsavo mwezi Machi 1898 kujenga daraja la reli juu ya mto huo, na kwa miezi kadhaa simba wawili wakawa wanawatoa vibarua mahemani usiku na kuwala. Ilifika wakati vibarua wengi wakakimbia kwa treni kurudi pwani, na kazi ya daraja ikasimama. Patterson aliwaua simba hao mwezi Desemba mwaka huohuo. Ngozi zao ziliuzwa mwaka 1924 kwa jumba la makumbusho la Field mjini Chicago, ambako wamejazwa na kusimamishwa hadi leo. Mambo hayo yanajulikana, na sinema zimeyakuza.

Lisilotajwa sana ni kwamba ndani ya kitabu hichohicho mna kisa kingine, kisa cha jinai hasa. Patterson aeleza kwamba waashi wa machimbo ya mawe, aliokuwa amegombana nao juu ya ujira, walikula njama ya kumwua. Mpango wao ulikuwa mwepesi: wamwue atakapokuja kukagua kazi, waitupe maiti porini iliwe na wanyama, kisha waseme kwamba ameliwa na simba. Njama haikufaulu, na wakuu wake wakapelekwa kushtakiwa. Msomaji aitafakari sentensi waliyokuwa wameiandaa. Kisarufi haina kasoro. Ina kitenzi katika kauli ya kutendwa, ina mtendwa, na ina mtenda aliyetajwa waziwazi kwa kiunganishi *na*. Tena ingeaminika, kwa kuwa wakati ule kila mtu Tsavo alijua kwamba simba hula watu. Uongo wake wote umo katika nomino moja.

Kuna na hesabu. Katika kitabu chake Patterson alitaja vibarua wa Kihindi 28 waliouawa, na kuhusu Waafrika akasema tu kwamba walikuwa wengi na kwamba hakuna orodha rasmi iliyowekwa. Baadaye aliandika kwamba jumla ilikuwa 135. Mwaka 2009 wataalamu waliopima kemia ya mifupa na nywele za simba hao walikadiria kwamba waliliwa watu wapatao 35. Tofauti kati ya 35 na 135 ni kubwa mno kwa kitabu kinachodai ukweli. Lakini mimi jambo linalonishughulisha zaidi ni lile la orodha. Mtenda anajulikana, ana urefu wake ulioandikwa. Mtendwa wa Kiafrika hana jina wala namba. Na aliyewalaza vibarua kwenye mahema ya turubai katika nchi ya simba hatajwi kama mtenda wa lolote.

Miaka themanini na miwili baadaye, tarehe 3 Januari 1980, Joy Adamson, aliyekuwa amejipatia umaarufu duniani kwa kitabu chake Born Free (1960), alikutwa amekufa karibu na kambi yake huko Shaba, hifadhi inayopakana na Mto Ewaso Ng'iro. Habari za kwanza zilizoenea ulimwenguni zilisema ameuawa na simba. Ilikuwa habari tamu kwa wahariri: mlezi wa simba ameuawa na simba. Uchunguzi ulionyesha kwamba majeraha yalikuwa ya chombo chenye makali, na mfanyakazi wake wa zamani akatiwa hatiani mwaka 1981. Mumewe, George Adamson, aliuawa kwa risasi na majambazi tarehe 20 Agosti 1989 huko Kora, kusini mwa Mto Tana, pamoja na wafanyakazi wake wawili. Katika kifo hiki hakuna aliyemsingizia simba, maana risasi haina meno. Lakini msomaji na apitie vitabu na magazeti yanayokisimulia, ahesabu ni mara ngapi wale wawili wametajwa kwa majina.

Sasa tufikie kisa cha Julie Ward, ambacho ndicho kizito kuliko vyote kwa hoja yetu. Mwingereza huyu mwenye umri wa miaka 28 alionekana kwa mara ya mwisho mwezi Septemba 1988 kwenye kambi ya Sand River, kando ya mto wenye jina hilo katika hifadhi ya Maasai Mara. Gari lake lilikutwa limekwama korongoni, na mabaki ya mwili wake yakapatikana mbali na hapo, yamechomwa moto. Baba yake, John Ward, alikuja kutafuta ukweli. Wakuu waliohusika walishikilia kwanza kwamba ameshambuliwa na wanyama. Taarifa ya daktari aliyeyachunguza mabaki ilibadilishwa kabla ya kumfikia baba: maneno yaliyoonyesha kwamba viungo vilikatwa yakaondolewa, na mahali pake yakawekwa yaliyoonyesha kuraruka na kupasuka. Mwaka 1989 hakimu wa uchunguzi wa kifo aliamua kwamba ni mauaji. Kesi mbili zikafuata. Walinzi wawili wa hifadhi waliachiliwa mwaka 1992, na aliyekuwa mkuu wa walinzi akaachiliwa mwaka 1999. Hakuna aliyetiwa hatiani. Vitabu vitatu juu yake vilitoka mwaka mmoja, 1991: cha baba mwenyewe, cha Michael Hiltzik, na cha Jeremy Gavron. Mwaka 2015 Grace Musila alitoa uchambuzi wa kitaaluma wa kisa hicho na wa uvumi uliokizunguka, kazi ambayo kila mhadhiri wa fasihi yampasa aisome.

Hapa ndipo isimu inapoingia. Kiingereza kinapoeleza hali ya mfupa, neno la "uliokatwa" na neno la "ulioraruka" huwa na umbo moja la kisarufi. Msikilizaji lazima aujue ulimwengu ili akisie kama yupo mtu nyuma ya tendo. Kiswahili hakimpi msemaji nafasi hiyo. Mzizi *-kat-* hutoa *katwa* na hutoa *katika*. *-Vunj-* hutoa *vunjwa* na *vunjika*. *Rarua* hutoa *raruliwa* na *raruka*. Kauli ya kutendwa, yenye *-w-*, hudai mtenda hata asipotajwa: mfupa *umekatwa*, basi yupo aliyekata, na kusikia sentensi hiyo ni kuuliza "na nani?" Kauli ya kutendeka, yenye *-k-*, humfuta mtenda: mfupa *umevunjika*, na hakuna wa kuulizwa. Hatusemi "kamba imekatika na Juma" isipokuwa tunataka kuchekwa. (Naacha kando maana ya pili ya kauli hii, ile ya uwezekano, kama katika "mti huu haukatiki".) Kwa hiyo badiliko lile katika taarifa ya daktari, lingefanywa kwa Kiswahili, lingekuwa zaidi ya kubadili neno. Lingekuwa kuvuka kutoka kauli moja ya kitenzi kwenda nyingine, na mwanafunzi wa kidato cha pili angeliona.

Mto nao una sarufi yake. Mtu *hufa maji* kama anavyokufa njaa au kiu. Maji hapa hayana *na*, hivyo si mtenda bali ni namna ya kufa. Lakini wakati wa mafuriko husema kwamba mto *umemchukua* mtu, au kwamba *amesombwa na maji*, na hapo mto umepanda cheo ukawa mtenda kamili. Msemaji wa Kiswahili huchagua kati ya miundo hii kila siku bila kujifikiria, na uchaguzi wake hubeba hukumu. Kuna *kuzama* na kuna *kuzamishwa*. Kuna *kupotea* na kuna *kupotezwa*. Aliyeishi Kenya ajua uzito wa hicho cha mwisho.

Nimewapa wanafunzi wangu zoezi la kuvisimulia upya kwa Kiswahili visa vya Tsavo, Shaba na Sand River. Matokeo yalinihuzunisha kidogo. Lugha inayowajia kwanza ni ya matangazo ya habari: "mwili ulipatikana", "alifikwa na mauti", "watu wasiojulikana". Usemi huo wa mwisho ni wa ajabu, maana hutimiza sharti la sarufi la kumtaja mtenda na papo hapo hukwepa kumtaja. Sisemi kwamba mwandishi wa habari asiye na ushahidi ataje majina ya watu. Nasema kwamba *hatujui nani aliyemwua* na *aliuawa na watu wasiojulikana* si sentensi moja. Ya kwanza ina nafsi inayokiri kutojua, na kwa hiyo yaweza kuulizwa kwa nini haijui.

Je, nathari ya Kiswahili haina kielelezo chake? Riwaya zetu za upelelezi, tangu Mzimu wa Watu wa Kale ya Muhammed Said Abdulla (1960) na Simu ya Kifo ya Faraji Katalambulla (1965) hadi kazi za Elvis Musiba, zinajua kumtafuta mtenda, lakini ni za kubuni. Katika visa vya kweli John Kiriamiti alipata wasomaji wengi kwa My Life in Crime (1984), lakini uhalifu wake ni wa jijini na lugha yake ni Kiingereza. Kielelezo kilicho karibu zaidi ni cha zamani: tawasifu ya Tippu Tip, iliyochapishwa Ujerumani mwanzoni mwa karne ya ishirini. Humo mna misitu, mna Mto Lualaba, mna safari ya mwaka 1876 pamoja na Stanley, naye Stanley ana kitabu chake juu ya safari hiyohiyo. Simpendi mtu yule wala biashara yake ya pembe na watumwa. Ila nathari yake, kwa ule mfululizo wa *-ka-*, inasema nani alifanya nini, nani akamfuata, nani akalipwa; hata anapojitetea, kitenzi chake kina mwenyewe. Na kwake mto una vijiji, na vijiji vina majina.

Hilo latukumbusha neno *nyika* lenyewe. Mwandishi wa Kiingereza hupeleka wahusika wake mahali palipo patupu, ambapo tendo halina shahidi. Watu wa pwani nao waliita bara kavu nyika, lakini wakawaita pia wenyeji wake Wanyika, jina la dharau ambalo Wamijikenda wamelitupa kwa haki. Dharau ile angalau ilikiri kwamba nyikani kuna watu.

Darasa langu limeanza kutafsiri kurasa chache za John Ward. Jina la kitabu halikuleta shida: Wanyama Hawana Hatia. Shida ililetwa na ukurasa wa taarifa ya daktari, ambapo wanafunzi walibishana kipindi kizima kama taarifa iliyobadilishwa isemwe mfupa *umeraruka*, jambo ambalo mifupa haifanyi kwa Kiswahili chochote, au *umepasuka*, ambalo huwezekana bila mtu wala mnyama. Tumeandika *umepasuka*, na kando yake, kutoka taarifa ya kwanza, *umekatwa*.