Video za Ngoma: Mtaji Uko Kwenye Mkataba

SHINYANGA – Watayarishaji wa video za ngoma Shinyanga na Geita wamelazimika kubadili bidhaa mara kadhaa: kanda, diski, kadi za simu, kisha YouTube, iliyoanzishwa mwaka 2005. Soko lao hufuata msimu. Baada ya mavuno, Bagika na Bagalu wanaposhindana kucheza, mauzo ya pamba na dhahabu huwa yametia fedha mifukoni.

Tatizo ni nakala za wizi, ambazo huangusha bei. Mali inayobaki ni haki ya kazi, inayolindwa na Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999. Mwekezaji mdogo aulize kwanza mkataba wa maandishi na manju. Pasipo huo, ananunua kesi.