Gemu ya 1986 na swali la mtoto wa Masimba: mieleka ya runinga ni ya kweli?

Desemba iliyopita nilikuwa Masimba, kule Nyaribari Masaba katika kaunti ya Kisii, nyumbani kwa wakwe zangu. Baridi ya kule haina simile na mtu wa pwani. Jua likishatua, kila mtu yuko ndani na kikombe cha chai mkononi. Jioni moja watoto walitandika godoro sakafuni wakaanza kupigana mieleka kama walivyoiona kwenye simu. Mmoja akapanda juu ya kochi, akajirusha. Wa chini alikuwa amejilaza tu, akingoja. Mkono ukateguka, na usiku ule ule tukahangaika kutafuta gari la kumpeleka hospitali.

Kesho yake yule aliyejirusha, kijana wa miaka tisa, mtoto wa dada ya mke wangu, alinijia polepole. "Baba mdogo," akasema, "mbona wale wa runinga wakirukiwa hawavunjiki?"

Ndugu msomaji, swali hilo najua limeulizwa pia Kisauni, Likoni, Malindi na Lamu, na aghalabu sisi wazazi hulijibu kwa kiboko au kwa kuzima runinga. Mimi nilimjibu kwa gemu ya zamani niliyo nayo kwenye simu, maana hiyo inaeleza mambo ambayo runinga inayaficha.

Kwanza tuseme ukweli wenyewe. Mieleka ile ya Marekani ni maonyesho, na atakayeshinda hupangwa kabla watu hawajaingia ulingoni. Hilo si uzushi wa maadui zake. Mwaka 1989 kampuni ya WWF, ambayo leo inaitwa WWE, ilieleza wazi mbele ya bunge la seneti la jimbo la New Jersey kwamba kazi yake ni burudani, kwa kuwa haikutaka kusimamiwa na serikali kama inavyosimamiwa ndondi.

Sisi wa pwani jambo hili si geni kwetu. Tazama kirumbizi. Wawili wanaingia uwanjani na fimbo, ngoma na zumari vinalia, mmoja anapiga na mwenzake anakinga. Mgeni asiyejua atadhani kuna ugomvi. Lakini wachezaji wanajuana, na kila mmoja anajua fimbo ya mwenzake itatua wapi. Mieleka ya runinga nayo ni vivyo hivyo. Anayebebwa juu ndiye anayesaidia kubebwa. Anayerukiwa amejiandaa kumpokea anayeruka, na amefunzwa namna ya kuanguka ili mgongo wote ugawane kishindo. Mtoto wa Masimba hakuambiwa hayo, kwa hiyo aliruka peke yake na mwenzake akapokea peke yake.

Na hata kwa waliofunzwa, kupanga hakuzuii mauti. Tarehe 23 Mei 1999, mjini Kansas City, Owen Hart alikuwa ashushwe kwa kamba kutoka juu ya ukumbi hadi ulingoni, kama sehemu ya maonyesho. Alianguka, akafa. Mashabiki waliokuwa ukumbini mwanzoni hawakujua kama lile nalo ni mchezo.

Sasa tuje kwenye gemu. Inaitwa Pro Wrestling, na ilitolewa na Nintendo huko Japani mwaka 1986, kisha ikafika Marekani mwaka 1987. Fundi wake mkuu alikuwa Masato Masuda, ambaye baadaye, mwaka 1989, alianzisha mfululizo wa Fire Pro Wrestling unaopendwa hadi leo. Ilichezwa kwenye mashine iliyoanza kuuzwa Japani mwaka 1983 kwa jina la Famicom, na Marekani mwaka 1985 kwa jina la Nintendo Entertainment System. Mashine hizo ziliuzwa karibu milioni 62 duniani. Wengi wetu tuliokulia Mombasa miaka ya tisini hatukuiona hiyo yenyewe. Tulizoea nakala zake: kijimashine cha plastiki kilichochomekwa kwenye runinga, kaseti moja yenye michezo mingi, na foleni ya watoto wa mtaa sebuleni kwa mwenye nacho.

Mashine ile ilikuwa na kumbukumbu ya kufanyia kazi ya kilobaiti 2 tu. Simu ya bei rahisi kabisa leo inaizidi mara maelfu. Hata hivyo Masuda aliingiza humo ulingo mzima, mwamuzi anayekimbia huku na huku kuhesabu, na mpiga picha wa kamera kando ya ulingo. Wapiganaji wa kuchagua ni sita. Yuko Star Man wa Mexico aliyejifunika uso, Fighter Hayabusa wa Japani na teke lake la kisogoni, Giant Panther na King Slender wa Marekani, Kin Corn Karn wa Korea, na The Amazon, kiumbe nusu samaki ambaye huuma watu meno. Ukiwashinda ukawa bingwa, mwisho anakungoja Great Puma, anayejua mbinu za wote.

Mchezo wenyewe ni rahisi kuueleza. Wapiganaji wakisogeleana hushikana, na hapo kibonyezo unachobonyeza na upande unaouelekea ndivyo vinavyoamua utamfanyia nini mwenzako. Skrini haikuonyeshi mstari wa nguvu zilizobaki. Lazima umtazame mpiganaji: aliyechoka huchelewa kuinuka. Ukimbana mabega chini, mwamuzi anahesabu tatu, naye anabonyeza haraka haraka ili ajinasue. Ukitoka nje ya ulingo, unahesabiwa hadi 20.

Hapa ndipo jibu la mtoto lilipo. Masuda alichukua mchezo ambao mshindi wake hupangwa ofisini, akaufanya mashindano ya kweli. Kwenye gemu yake hakuna aliyepanga lolote kati ya wachezaji wawili. Anayerushwa hasaidii kurushwa, anapigania asirushwe. Kwa hiyo mieleka ya vikatuni ina ushindani wa kweli lakini haina mwili wa kuumia, na ile ya watu ina miili ya kweli lakini haina ushindani. Watoto juu ya godoro huchanganya hizo mbili: wanashindana kwa kweli, na kwa miili yao. Hapo ndipo mikono inapovunjika.

Nilimweleza kijana yule hivyo hivyo, tukiwa tumekaa kando ya jiko. Akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Kwa hiyo wale wanasaidiana?" Nikamwambia ndiyo, tena kwa mazoezi ya miaka. Akamtazama mwenzake mwenye bandeji, asiseme neno.

Wazazi wenzangu, kukataza peke yake hakujawahi kufaa. Kaa na mtoto mbele ya runinga, umwonyeshe jinsi anayerukiwa anavyojiweka tayari. Mwambie kujirusha kutoka kwenye kitu, kubebana kichwa chini na kukabana shingo ni mambo yasiyo na mzaha. Na mtoto akiangukia kichwa au shingo, usimwinue wala kumnyoosha. Mwache alivyo, tafuta msaada wa daktari. Akitaka kushindana na mwenzake, mpe gemu, au mtafutie mwalimu wa mieleka ya michezo anayejua kufunza kuanguka.

Gemu hii ina neno moja lililoipa umaarufu kuliko mapigano yake. Ukishinda, skrini huandika "A WINNER IS YOU". Wenye Kiingereza chao wamelicheka neno hilo miaka mingi, kwa kuwa limepangwa kinyume. Lakini ligeuze kwa Kiswahili uone: mshindi ni wewe. Limenyooka, halina kosa.

Siku ya kuondoka nilichezeshana gemu na yule kijana, na mwenzake akashika kibonyezo kimoja kwa mkono uliobaki mzima, wawili wao dhidi yangu. Nikabanwa mabega chini, mwamuzi akahesabu hadi tatu. Wakasoma yale maandishi kwa sauti, kisha wakaniuliza kama nilikuwa nimewaachia makusudi.

Sikuwaachia.